Kakakuona wa Mwandoya na Bakuli Nililolisogeza

Jamani, tangu nirudi Mwanza sina raha. Kila nikipita kwa fundi viatu, kila nikiketi kungoja chai, mnaniuliza lile lile: ilikuwaje huko? Mmoja amesikia nimepigwa, mwingine amesikia nimelogwa, na yuko aliyeniuliza kwa sauti ya chini kama ni kweli nimeoa Meatu. Nimeona nikae niandike mara moja, msome kwa zamu, mniache ninywe chai yangu. Habari za vibali na barua za kuomba vibali sitawachosha nazo. Nilivipata, basi.

Kazi yangu mnaijua. Napiga video za harusi na kipaimara, tangu kamera hizi zilipoanza kuletwa kutoka Dubai na kila mwenye binti akaona harusi bila video si harusi. Na donda langu mnalijua pia. Filamu zote za wanyama wetu zimepigwa na wageni, na ndani yake kuna sauti ya mgeni inatueleza sisi simba anavyokula. Nilitaka mnyama mmoja, mmoja tu, apigwe na mtu wa hapa, na aelezwe na watu wanaoishi naye. Shemeji yangu Masanja, kaka wa mke wangu, fundi cherehani mnayemfahamu kwa mdomo wake, akasema kwao kuna watu wanaofuga nungunungu na kucheza nao ngoma. Nikasema twende.

Kalemela: walionifunikia dagaa

Tulitoka alfajiri kwa lori lililokuwa linafuata dagaa. Masanja alikaa mbele na dereva, kwa sababu alimwambia kwamba mimi nina ugonjwa wa kutapika garini na ninahitaji hewa. Sijawahi kumshinda huyu mtu kwa maneno. Nikakaa nyuma juu ya magunia matupu, kamera nimeipakata kama mtoto aliyetoka kuchanjwa.

Kalemela tairi likapasuka, na la akiba likaonekana nalo halina upepo. Nikaona nisikae bure. Kando ya ziwa wanawake walikuwa wameanika dagaa kwenye mchanga, eneo zima linang'aa, nikainua kamera. Ghafla wote wakaanza kufunika dagaa wao kwa vyandarua na khanga. Mama mmoja mnene akanijia mkono kiunoni.

"Wewe, hicho unapimia nini?"

"Sipimi kitu, mama. Inapiga picha."

"Wanunuzi wapya wote wanakuja na kitu cha kupimia. Wa juzi alikuwa na mizani inayosema kilo tatu hata ukiweka tano. Wewe umekuja na ya kupimia kwa mbali?"

Masanja akacheka mpaka akaketi chini, hana msaada wowote. Mwisho nikamwambia yule mama aweke jicho kwenye kitundu cha kamera. Akachungulia, akamwona jirani yake mdogo kama kidole, wa kijivu, anajifunga khanga. Akapiga kelele ya furaha, akawaita wenzake, wakapanga foleni. Saa nzima ilikwenda hivyo, na tairi lilipokuwa tayari dereva akaambiwa angoje, bado watu wanne hawajaona. Tukalishwa ugali wa muhogo na dagaa wabichi wa kukaangwa, na yule mama akanisindikiza mpaka lorini akinitetea kwa kila aliyeniangalia vibaya.

Bariadi, mahali pa kungoja

Bariadi tulikaa siku tatu, na kosa ni la betri. Nilikuwa na betri mbili za kamera na zote zinataka umeme. Ilikuwa ni msimu wa pamba, tena ule mwaka wa kwanza wanunuzi binafsi kushindana na ushirika, nyumba za wageni zimejaa watu wenye mikoba ya ngozi, na jenereta zote mjini zina wenyewe. Tulilala ghalani juu ya pamba. Mtu akikuambia kulala juu ya pamba ni starehe, mwambie alale yeye, aamke na mbegu zake mgongoni.

Aliyetusaidia ni msimamizi wa ghala hilohilo, bwana mmoja mpole mwenye kikohozi. Alinikubalia kuchaji kwenye jenereta yake kwa sharti nimpige akiwa anasimamia upakiaji. Siku hiyo alikuja amevaa tai. Nikampiga dakika mbili nzima akinyoosha kidole kwenye lori ambalo lilikuwa limeshapakiwa. Nilipozima akauliza kwa heshima zote, "Itafika Dar saa ngapi?"

Nikamweleza kwamba haifiki popote mpaka niibebe mimi mwenyewe kwa mkono. Uso ukamshuka. Alikuwa ameshawaambia ndugu zake wa Dar wamtafute jioni ile kwa mtu mwenye televisheni. Niliona aibu, nikajiandaa kung'oa waya wangu. Yeye akasema, "Yaya, hapana, acha. Si kosa lako, na mashine inawaka hata hivyo." Akaniacha nichaji usiku mzima, asubuhi akatuletea uji. Nimewahi kukaa na watu wenye vyeo vikubwa wasio na nusu ya ubinadamu wa yule bwana.

Betri moja ikajaa. Ya pili ilikataa kabisa, ikafa kifo chake hapo Bariadi. Kwa hiyo nilitoka pale na betri moja.

Shishiyu: mtu na nungunungu wake

Nyumbani kwa Shija, Shishiyu, tulifika tumekaa juu ya marobota ya mitumba. Shija ni mchezaji ngoma, mtu wa umri wangu, mwembamba, mwenye makovu madogo madogo mikononi na miguuni ambayo sikuhitaji kuuliza yametoka wapi. Yeye na wenzake huingia kwenye mashimo ya nungunungu kwa tumbo, kichwa mbele, mwenge wa nyasi mkononi, mpaka chini kabisa, na kumtoa mnyama mzima akiwa hai. Nilichungulia shimo moja. Sikuona mwisho, na mabega yangu yalikwama mwanzoni tu. Masanja akasema hilo ni tatizo la pilau za harusi.

Nungunungu mwenyewe alikuwa ndani ya shimo pana lililozungushiwa mawe, anakula maganda ya viazi kwa utulivu, anayageuza kwa mikono yote miwili. Shija akashuka, akamzungumzisha Kisukuma, akapiga njuga. Yule mnyama akasimamisha miiba yake yote, ikalia kama kapu la vijiti, akaanza kuzunguka na Shija anazunguka naye.

"Usikae nyuma yake kamwe," Shija aliniambia. "Watu wanaogopa meno. Huyu anakuja kinyumenyume. Mimi nacheza mbele ya uso wake, anione, ajue niko wapi. Akijua niko wapi hana hasira."

Nilimpiga muda mrefu kuliko nilivyopaswa. Betri ikashuka zaidi ya nusu, na sikujali, maana nilidhani nimeshapata nilichokuja kukitafuta. Tulikuwa tumekaa tunakula matobolwa, vile viazi vilivyochemshwa na kukaushwa, na mtindi, alipofika mtu wa baiskeli kutoka Mwandoya, huko Meatu. Hata kabla hajashuka akasema: mama mmoja huko kwao ameokota kakakuona jana.

Shija aliacha kula. Masanja naye, ambaye haachi kula kwa jambo dogo, akaacha.

Wakanieleza. Kakakuona haonekani ovyo. Mtu anaweza kuzeeka bila kumwona. Akionekana karibu na majira ya kupanda, yule aliyemwokota humpeleka nyumbani, na wawakilishi wa mitaa yote wakishakutana anawekewa vitu mbele yake: maji, mtama, pamba, mshale. Anakoelekea ndiko mwaka unakoelekea. Akienda kwenye maji, mvua ni kubwa, watu washuke mbugani, kwenye udongo mzito wa bondeni, wapande mpunga. Akienda kwenye mtama, mwaka ni mkavu, wapande mtama juu na walinde akiba yao.

"Na anatembea kwa miguu miwili," Shija akasema. "Mikono ameishika kifuani hivi. Baba yangu alimwona. Mimi bado."

Moyo wangu ulidunda kama wa bwana harusi. Shija akatuazima baiskeli mbili bila hata kuombwa. Nikamuuliza kama hataki kuja. Akasema nungunungu wake hali kwa mkono wa mtu mwingine.

Mwandoya: mama na mgeni wake

Tulifika siku ya pili jioni, miguu yangu si yangu. Mama aliyemwokota anaitwa Nyanzobe, mjane wa miaka hamsini na kitu, mkulima wa pamba, ana ng'ombe kumi na sauti ndogo sana. Masanja ni jamaa yake kwa mbali, hivyo tulipokewa.

"Mwadila, mayu," nikamwamkia mama yule kwa Kisukuma changu cha sokoni.

"Mwadila. Mhola huko mtokako?"

"Mhola."

Salamu zikaenda mpaka kwa ng'ombe wa Masanja, ambao hana. Ndipo akatuonyesha. Kwenye pembe ya nyumba, juu ya kaniki nyeusi, kulikuwa na duara la magamba, kubwa kama chungu cha kupikia, kila gamba limelala juu ya mwenzake kama vigae vilivyopangwa na fundi asiye na haraka. Hakutikisika. Nikakaa chini pale nikimtazama. Nimepiga maharusi mia na zaidi, sijawahi kuona kitu kilichotengenezwa vizuri hivyo.

Mila yao inamfunga aliyeokota. Ni yeye tu anayembeba, ni yeye tu anayemrudisha, mahali palepale alipomtoa, na siku zote mnyama akiwa ndani hagusi jembe. Nyanzobe alikuwa amezitumia siku hizo kumtazama tu. Aliyajua mambo ambayo nadhani wasomi wenye vitabu wangemlipa kuyasikia.

"Akilala anaficha pua," aliniambia. "Ng'ombe wakipita anajikunja. Masanja alipoingia akajikunja zaidi. Mimi nikitembea hajikunji, ameshanijua kwa mguu. Nilimletea mchwa kwenye sahani, akakataa. Nikaleta sisimizi, akakataa. Huyu hali cha kupewa, anakula anachochimba mwenyewe gete, kweli kabisa. Kwa hiyo ana njaa, na mimi naiona."

"Basi mbona humrudishi?"

"Wawakilishi wa mitaa miwili hawajafika. Kesho."

Alilisema hilo kama mtu anayehesabu pumzi za mgonjwa.

Zizini

Kesho yake saa kumi alasiri, zizi la ng'ombe likiwa tupu na limefagiliwa, watu walijaa kuzunguka uzio. Mambo ya mvua kijijini pale yanasimamiwa na Mzee Mabula, ambaye siku nyingine zote hutengeneza baiskeli. Alikuja na mikono ya grisi na fulana safi. Aliniruhusu kupiga, akanionyesha nikae wapi. Akaviweka vitu vinne mwenyewe, kwa hatua alizozipima kwa mguu wake: bakuli la maji, ungo wa mtama, pamba, mshale. Kisha wote wakaenda langoni kumpokea Nyanzobe na kumpigia makofi, na kwa muda mfupi nikabaki peke yangu zizini.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo penyewe.

Lile bakuli lilikuwa kivulini, karibu na uzio. Kwenye kitundu cha kamera lilionekana doa jeusi tu. Hatua tatu kutoka pale palikuwa na jua zuri la alasiri, la dhahabu. Mimi ni mpiga harusi. Nimehamisha keki. Nimehamisha maua ya kanisani padri akiwa anaangalia. Nimemhamisha mama mzazi wa bibi harusi kwa sababu alikuwa anaziba dirisha. Mkono wangu ulikwenda wenyewe. Nikalinyanyua bakuli, nikaliweka juani, maji yakang'aa, nikarudi kwenye kamera nikiwa nimeridhika kabisa. Naapa sikufikiria chochote zaidi ya mwanga.

Nyanzobe akaja na kaniki mikononi, akamweka chini katikati, akarudi nyuma. Hata watoto wa mgongoni walinyamaza. Tulingoja mpaka goti langu likafa ganzi. Halafu gamba moja likainuka, kisha pua nyembamba, kisha jicho dogo jeusi. Akajikunjua polepole. Akasimama. Miguu miwili, jamani, mkia umenyooka nyuma, mikono ameikunja kifuani kama mzee anayeingia kanisani kwa kuchelewa. Akatembea. Akaupita ungo wa mtama kwa mbali kidogo, akaenda moja kwa moja kwenye jua, kwenye bakuli, na ulimi mrefu ukagusa maji.

Vigelegele vilivyopigwa hapo nadhani vilisikika Maswa. Mimi nilikuwa nalia na jicho moja kwenye kitundu. Dakika kumi na moja nilizipata, safi, zenye mwanga ambao ningeuota. Usiku ule tulikula kuku, na kila mtu alikuwa anaongea habari za mpunga.

Gunia la mtama

Asubuhi niliamka na furaha yangu, nikamkuta shemeji wa Masanja, mke wa kaka yake wa hapo kijijini ambaye tulilala kwake, anafunga gunia la mtama kwenye baiskeli.

"Unalipeleka wapi?"

"Mnadani. Nikauze, ninunue mbegu ya mpunga. Si umeona mwenyewe? Akiba ya nini mwaka wa maji?"

Nyuma yake njiani niliona baiskeli nyingine, na nyingine, zote zina magunia. Kama mvua isingekuja, wale watu wangekuwa wameuza chakula chao kwa sababu ya doa la jua. Nilimwita Masanja pembeni nikamwambia. Kwa mara ya kwanza tangu nioe dada yake, hakuwa na utani.

"Shemeji, usiposema, hakuna atakayejua."

"Wewe ungenyamaza?"

Akatazama gunia lile linavyoondoka. "Nenda haraka," akasema.

Nilimkuta Nyanzobe ameketi karibu na kaniki. Nikapiga magoti, nikasema yote. Hakufoka. Akauliza jambo moja tu, "Ulilitoa wapi, ukaliweka wapi?" Akanipeleka zizini nimwonyeshe kwa hatua. Nikaonyesha. Akasimama pale lilipokuwa bakuli mwanzo, akatazama, akasema, "Twende kwa Mabula. Utasema wewe, mimi sitakusemea."

Mzee Mabula alikuwa ameshika gurudumu la baiskeli. Nilipomaliza kusema aliliweka chini kwa uangalifu kama lingevunjika. Akatuma vijana wakawazuie watu wa mnadani, na baada ya saa moja watu walikuwa wamejaa tena, safari hii hawana vigelegele. Wapo walioniita mwizi. Yuko aliyetaka nifungwe kamba. Yule shemeji wa Masanja, aliyerudishwa njiani na gunia lake, alinitazama tu, na huyo ndiye aliyeniumiza.

Kisha wengi wakasema dawa ni moja: mnyama arudishwe zizini, vitu vipangwe upya. Mabula mwenyewe alielekea huko. Mwaka mzima wa watu ulikuwa mikononi mwake na mimi nilikuwa nimemwachia bila jibu.

Nyanzobe akasimama. Ilibidi watu wanyamaze kabisa ili wamsikie.

"Leo ni siku ya tano hajala. Jana alichelewa kujikunjua, leo asubuhi nimemgusa hakujikunja vizuri. Mkimweka tena atawaonyesha kitu gani? Atawaonyesha njaa yake. Mimi nilimwokota, mimi namrudisha, leo."

"Na sisi tupande nini, mayu?" mtu akauliza.

"Mliwahi kupanda miaka mingi bila yeye."

Mabula akasema mama yule ana haki. Kisha akanigeukia.

"Ile picha yako inaonyesha nini?"

"Anakwenda kwenye maji."

"Inaonyesha mkono wako ukisogeza bakuli?"

"Hapana. Nilikuwa sijaanza kurekodi."

"Basi inasema uongo na uso mzuri. Mtu wa hapa akiiona, hata mwakani, atauza mtama wake. Iondoe."

Ningeweza kubishana. Ningeweza kusema itakaa Mwanza, hakuna wa Mwandoya atakayeiona. Lakini alikuwa amesema kweli kuliko mtu yeyote aliyewahi kusema juu ya kazi yangu, na nilijua hivyo palepale.

Shamba la pamba

Kufuta video, kwa kamera ile, ni lazima urekodi juu yake. Nikamweleza Mabula: nitarudisha kanda nyuma, nitafunika jicho la kamera kwa kifuniko chake, nitaiwasha, na giza litaandikwa juu ya picha mpaka dakika kumi na moja ziishe. Betri ilikuwa imebaki na uhai wa kiasi hicho, na si zaidi. Mabula akasema hawezi kukosa kurudishwa kwa mnyama na hawezi kuniacha nyuma, kwa hiyo nitafanya hukohuko, wote waone.

Tukaenda, Nyanzobe mbele na kaniki mikononi, mpaka kwenye shamba lake la pamba ambalo mashina yake hayajang'olewa. Mabula akachungulia kwenye kitundu. "Giza," akatangaza. Nikabonyeza. Taa nyekundu ikawaka. Kamera ilikuwa begani kwangu, imefunikwa, na kiganja changu juu ya kifuniko.

Nyanzobe akamweka chini palepale alipomwokota. Hakukawia hata kidogo. Alijikunjua kana kwamba ardhi ile imemwita kwa jina, akasimama kwa miguu miwili, akatembea kati ya mashina ya pamba, na jua la jioni likamwangukia kila gamba. Akaja upande wangu. Hatua tatu, mbili. Hakuna zizi, hakuna uzio, hakuna bakuli. Akasimama karibu na kiatu changu, akanusa, akaanza kuchimba kwa makucha yale, udongo ukaruka juu ya suruali yangu, na ulimi ukaingia ardhini na kutoka, ukaingia na kutoka. Alikuwa anakula. Nyanzobe alijifunika mdomo kwa mikono miwili na mabega yake yakawa yanatikisika.

Sijawahi kuona picha kama ile, na sitaiona tena. Kifuniko kilikuwa chini ya kiganja changu na kinatoka kwa kidole kimoja. Mabula hakuwa ananiangalia; hakuna aliyekuwa ananiangalia. Nilikiminya mpaka kidole gumba kikaniuma. Nilimtazama kwa macho yangu mawili kama wenzangu wote, na kwa mara ya kwanza katika miaka mingi sikuwa nafikiria mwanga. Akashiba, akainuka, akaingia kwenye majani makavu. Mlio ulituambia anakokwenda hata baada ya kupotea machoni. Taa nyekundu ikapepesa mara mbili, ikazimika yenyewe.

Hakuna aliyenifunga kamba. Yule mwanamke wa gunia ndiye aliyetupikia usiku ule, ugali wa mtama, na aliuweka mbele yangu kwa nguvu kidogo. Tulipoondoka walikuwa bado wanabishana wapande wapi. Nyanzobe alikuwa ameshashika jembe, anang'oa mashina yake. Nilimshukuru, "Wabeja, mayu," akasema, "Nduhu tabu," bila kuinuka.

Wiki iliyopita, nikiwa peke yangu sebuleni, niliiweka kanda ile nihakikishe kama imefutika kweli, nisiwe nimewadanganya. Alipomaliza nungunungu wa Shija, kioo kikawa cheusi. Nilikaa tayari kuzima. Lakini kifuniko huziba jicho, hakizibi sikio, na jambo hilo sikuwa nimelifikiria mimi wala Mzee Mabula. Katikati ya giza nikasikia watu wanapumua, kisha makucha yanapasua udongo, karibu sana, kisha kwikwi ya mwanamke mmoja, kisha hatua nyepesi, mbili mbili, zinaingia kwenye majani makavu.

Mke wangu alitokea jikoni na mwiko mkononi, akatazama kioo cheusi, akanitazama mimi.

"Nani huyo anatembea?" akauliza.

Nikamsogezea kiti. Tukasikiliza mpaka ikaisha.